Kikombe cha Kwanza cha Mama Nangila

Ijumaa hii, baada ya miaka thelathini na sita kwenye kiti cha greda, Mama Rosalia Nangila anarudisha ufunguo. Sisi wa karakana ya barabara hapa Eldoret tuliombwa tueleze habari zake kwa ukurasa mmoja. Tumejaribu, ingawa mwenyewe hatoshei.

Alitoka Turbo akiwa msichana, akaajiriwa na baraza la zamani kama dereva wa kwanza mwanamke wa mitambo. Wanaume wakasema hatamaliza wiki mbili. Wote wameshastaafu, na yeye ndiye aliyewaaga mmoja mmoja. Msimu mmoja wa mvua alilivuta gari la bibi harusi kutoka matopeni karibu na eneo la Plateau, akalisindikiza kwa greda hadi mlangoni pa kanisa. Bwana harusi alikuwa amekwama kwingine, akafika wa mwisho. Familia ile bado humletea mahindi mabichi kila mavuno.

Mgeni wa karakana yetu ajue jambo moja: chai ya saa nne hufuata tarehe ya kuajiriwa. Aliyetangulia kazini hukinga kikombe kwanza, na hata meneja akitutembelea, kwa kuwa naye ni mwajiriwa, husubiri zamu yake. Mama Nangila ametangulia kwa muda mrefu. Huchagua andazi bila haraka, nasi wa mkiani tunaangalia sinia likiisha.

Basi serikali ilipounganisha ofisi kadhaa na kuunda shirika letu la sasa, wakubwa waliamua kwamba sote tumeajiriwa upya, siku moja. Miaka ya wazee ikafutwa hivyo tu. Nyongeza za mshahara zikaanza upya, pensheni ikakatika katikati, na cheo cha msimamizi wa madereva kikaenda kwa Antony Nderitu. Huyu ni kijana mwenye diploma na adabu, lakini wakati huo Mama Nangila alikuwa bado anamfundisha kurudisha greda nyuma.

Mama, akiwa mwakilishi wetu wa chama cha wafanyakazi, alikwenda mahakama ya kazi kwa niaba ya wote. Kabla kesi haijasikizwa, shirika lilimwita pembeni: atarudishiwa miaka yake, apewe na cheo, mradi aiondoe kesi. Alikuwa na binti chuoni na nyumba isiyo na paa. Alikataa. Alituambia kwamba akikubali, hataweza kunywa chai na sisi tena. Tulicheka, na wengine wetu tukajifuta machozi bila kuona haya.

Mahakamani, shirika lilishikilia kwamba karakanani hapakuwa na utaratibu unaojulikana wa nani amemtangulia nani kazini. Shahidi wao alikuwa Edwin Rotich, afisa wa wafanyakazi, mtu asiyejua kudanganya hata akitaka. Wakili wetu akamwuliza nani hunywa chai kwanza pale. Akajibu bila kuwaza: "Si ni Mama Nangila! Hata mimi hungoja, hiyo inajulikana." Kisha akamtajia jaji zamu yote, kuanzia kwa Mama hadi kwa mlinzi wa lango, na wakili wake mwenyewe akainamisha kichwa.

Hatukushinda kwa chai pekee. Hukumu ilisema mwajiri ndiye aliyebadilika, kazi haikukatika, na miaka ya mtu huhama naye. Kila mmoja wetu alirudishiwa yake. Cheo kikaenda kwa Mama, naye siku hiyohiyo akamchagua Nderitu kuwa msaidizi wake. Sasa Nderitu anakirithi kwa zamu yake halali, na greda anairudisha nyuma vizuri kabisa.

Jumatatu kikombe cha kwanza kitamwangukia Mzee Kipchumba wa matairi, aliyekuwa wa pili miaka yote hii. Ametuambia wazi kwamba hakitaki.

Mama, ahsante kwa kukataa siku ile. Tunakuombea shamba lenye rutuba, magoti yasiyouma na wajukuu watundu. Ukipita mjini, ingia karakanani. Wewe si mfanyakazi tena, kwa hiyo zamu yako imekwisha, lakini desturi yetu unaijua: mgeni hutangulia wenyeji. Utakunywa wa kwanza.

Paul Gichuru, stoo