Anti Mamle, Aliyebisha Hodi Kwanza

Ijumaa, tarehe 26 Septemba 2025, Anti Mamle Teye amestaafu baada ya kuitumikia ofisi yetu ya maji hapa Koforidua kwa miaka thelathini na mitatu. Aliingia akiwa mpiga chapa, ametoka akiwa Ofisa Utumishi Mkuu, na katikati hapo ametugombeza sote, wakubwa kwa wadogo.

Ukichelewa kazini ulimkuta mlangoni, shanga za Kikrobo shingoni, mikono kiunoni: "Bwana harusi, umeamka? Tukuletee chai?" Mimi nimeitwa bwana harusi mpaka mke wangu akaanza kuuliza maswali.

Sheria yetu inajulikana. Mtumishi akikosa kazini siku kumi mfululizo bila ruhusa, amejiachisha kazi mwenyewe, na kiinua mgongo chake kwaheri. Anti Mamle aliongeza ya kwake: hakuna kumwandika mtu mtoro kabla ya kwenda kubisha hodi kwake.

Muulizeni Kwabena Obuobi, msoma mita wetu. Mwisho wa mwaka 2008 alikwenda kwao mlimani kula Krismasi, akapotea. Januari ikafika katikati, simu haipatikani. Mkurugenzi wa wakati huo akaagiza barua ya kumwachisha kazi. Miaka kumi na minane ya utumishi, watoto wanne shuleni, mafao yote yaende na maji! Anti Mamle akaikalia barua ile, akanichukua mimi, wakati huo dereva, tukapanda mlima.

Kumbe Obuobi katawazwa chifu! Wazee walimkamata akiwa bado na mkate wa Krismasi mkononi, wakampaka poda nyeupe, wakamfungia ndani kufundwa. Na chifu anayefundwa haonekani wala hashiki simu. Tulipokelewa na msemaji wake, mzee mwenye fimbo ya dhahabu na ulimi mkali.

"Mnatuuliza ruhusa, Mama? Si tulileta kinywaji ofisini kwenu? Chupa nzima ya pombe ya jini! Mliirudisha?"

Anti Mamle akashika kichwa. Chupa aliikumbuka vizuri. Mkurugenzi alidhani ni zawadi ya Krismasi, akaifungua siku hiyo hiyo. Na kwetu huku, ukipokea kinywaji cha watu, umeisikia habari yao na umeikubali.

Mbele ya kamati ya nidhamu hakumung'unya maneno. "Mheshimiwa Mkurugenzi, ruhusa ulitoa. Tena uliongeza glasi ya pili." Kamati ilicheka hadi mwenyekiti akavua miwani kufuta machozi. Utoro ukafutwa, siku zile zikahesabiwa likizo, na utumishi wa Obuobi haukukatika. Alirudi akiwa Nana Obuobi, maana chifu kwetu huitwa Nana, akaendelea kusoma mita. Wenye nyumba walimwinamia kwanza, halafu ndipo wakabishana naye kuhusu bili.

Wasifu huu nilikuwa nimeumalizia hapo. Lakini Ijumaa yenyewe, siku yake ya mwisho, saa tatu asubuhi ikafika na kiti cha Anti Mamle kitupu. Haijawahi kutokea! Vijana wakaanza utani, eti Anti naye mtoro. Nana Obuobi hakucheka. Alichukua kofia yake, akasema, "Twendeni tukabishe hodi." Ofisi nzima tukamfuata.

Tulimkuta sebuleni katika gauni lake jeupe la sherehe, mkoba mapajani, machozi yanamtoka. Alikuwa amevaa tangu alfajiri, ila miguu iligoma kuvuka kizingiti. Alipotuona akajifuta uso haraka.

"Mmechelewa!" akatugombeza. "Nilidhani mmeshaniandika."

Nana Obuobi akachuchumaa mbele yake, jambo ambalo chifu hafanyi, akamshika mkono. "Nani akuandike, Mama?" Nasema kweli, hapo hata mimi nilishindwa kujizuia.

Asante, Anti Mamle. Kula kenkey yako na samaki bila kutazama saa, ulee wajukuu, ulale mpaka jua likuchoke. Na ukikaa kimya sana, usishangae kusikia mlango unagongwa.