Bi Pasi na Shimo la Alfajiri

Ijumaa hii, tarehe thelathini, Bi Pasi wa chumba namba nne anatimiza miaka thelathini na miwili ya kuitumikia idara yetu ya maji, na siku hiyohiyo anastaafu. Mhariri wa jarida hili la wafanyakazi ameniomba nieleze, kwa maneno machache na yanayoeleweka, kazi aliyokuwa akiifanya. Hapo ndipo mtihani ulipoanza. Nimekaa naye chumba kimoja tangu mwanzo wa mwaka nikijifunza kazi hiyohiyo, na kuanzia Jumatatu kiti chake ni changu, lakini kila nikitaka kuieleza ulimi unakwama. Wasomaji mnivumilie. Kuna mahali naandika nikiwa naelewa, na kuna mahali naandika tu.

Kibao cha mlangoni kinasema "Ulainishaji wa Awali". Sidhani kama kuna maneno yaliyowasumbua watu zaidi katika jengo hili. Wateja hubisha hodi na chupa za maji ya kisima, wakidhani humo ndimo maji ya chumvi yanamotibiwa. Mhasibu wetu, tangu ahamie hapa, anaamini ni kupunguza makali ya habari mbaya kabla hazijamfikia mkurugenzi, na vikaoni huomba kwa adabu kwamba tarakimu za mwezi zilainishwe awali. Dereva huyatumia maneno hayo kwa gari: asubuhi ya baridi huacha injini ingurume kwanza, na ukimharakisha hukwambia bado yuko kwenye ulainishaji wa awali. Katibu muhtasi, akiletewa barua ya bosi yenye hasira aipige chapa, huyaondoa maneno makali kwanza, naye huita hivyohivyo. Niliwauliza wote watatu wiki iliyopita. Kila mmoja alinijibu kwa uhakika kabisa, nami nikatoka nimechanganyikiwa kuliko nilivyoingia, maana hakuna hata mmoja aliyekosea moja kwa moja.

Ninavyoelewa mimi, kazi yenyewe ni hii. Kwenye matangi na mabomba makubwa kuna geji zinazopima msukumo wa maji usiku na mchana na kutuletea vipimo. Vipimo hivyo havitulii. Lori likipita juu ya bomba, geji inatikisika. Fundi akiifuta vumbi, inashtuka. Waya ukiingia maji ya mvua, inaropoka. Ukivichora vipimo kama vilivyo, utadhani kuku mwenye wino miguuni amekatiza juu ya karatasi, na wahandisi wa mgao walioko ghorofa ya juu hawawezi kuamua chochote kwa picha ya namna hiyo. Kwa hiyo kila kipimo kinasomwa pamoja na majirani zake, wa kabla na wa baada, unatafutwa wastani wao, na wastani huo ndio unaowekwa mahali pake. Palipochongoka panashuka, palipobonyea panajaa, mstari unanyooka. Hayo yote hufanyika kabla wahandisi hawajaanza hesabu zao, na hiyo ndiyo "awali" inayotajwa mlangoni. Waliompa jina la Bi Pasi walikuwa wanafikiria nguo, na hawakuwa mbali.

Hakuanzia kwenye kiti. Aliajiriwa akiwa msichana mwembamba wa kusoma geji kwa miguu, na buti za mpira na mwavuli, enzi ambazo karatasi ikilowa vipimo vililetwa ofisini vikiwa vimeandikwa kiganjani. Mchana alifuata mabomba, jioni alisoma hesabu, hadi akapewa chumba namba nne. Kompyuta ya kwanza ilipoletwa aliishonea kitambaa, akawa anaifunua kila asubuhi taratibu kama bibi harusi, na mpaka leo hakuna anayeruhusiwa kuweka kikombe karibu nayo. Ana tabia ya kupitisha kiganja juu ya karatasi yoyote iliyo mbele yake, iwe na mkunjo au isiwe nao. Nimemwona akiinyoosha hata risiti ya duka kabla ya kuitupa. Ni mcheshi, ni mkali, na ukichelewa hana dogo.

Tabu yangu iko hapa. Mstari ukishuka ghafla halafu ukapanda, nitajuaje kama ni geji imetikisika au ni watu wamekosa maji? Kwenye karatasi, mashimo hayo mawili ni mapacha. Ukilijaza la kwanza umefanya kazi nzuri. Ukilijaza la pili umewafuta watu, na hakuna atakayeshtuka, kwa sababu huko juu wanafuata kile ulichokwisha kukinyoosha. Nimemuuliza Bi Pasi swali hili kwa kila namna. Siku moja alisema nitazame ukubwa wa shimo. Kesho yake akasema ukubwa si hoja, nitazame kama linajirudia. Nilipomwonyesha linalojirudia, akasema hilo ni lori la taka, linapita pale kila siku, lijaze. Niliweka kalamu chini nikashika kichwa. Yeye akacheka, akasema hata yeye kuna mahali alijaza pasipostahili, na kama nataka habari kamili nikamuulize mama mkwe wake.

Nikaenda kumuuliza. Mama mkwe huyo ni mjane wa seremala, anaishi juu kabisa mlimani, nyumba ya mwisho, pale bomba letu linapoishia, na habari hii humsimulia yeyote aliye tayari kuketi. Kwa miaka mingi alilalamika kwamba maji hukatika alfajiri, kidogo tu, halafu hurudi. Bi Pasi alikuwa akimjibu kwamba haiwezekani, mstari wa mlimani umenyooka, na yeye mwenyewe ndiye anayeushughulikia. Kuna wakwe wanaogombania mwana. Hawa waligombania grafu. Mwishowe Bi Pasi alimpelekea karatasi yenyewe, akaitandika mezani, akamwonyesha kwa kidole. Mama mkwe aliitazama vizuri, akashukuru, kisha akaenda kufunikia karatasi hiyo ndoo ya maji aliyoiweka akiba kwa ajili ya kukatika huko kusikokuwepo.

Baadaye mama mkwe alivunjika mguu, na Bi Pasi akapanda mlimani kumuuguza. Asubuhi ya kwanza aliamka mapema aoge awahi kazini. Akajipaka sabuni kichwani, usoni, mwili mzima. Bomba likakohoa, likanyamaza. Alisimama pale amefumba macho, akaita kwamba maji yamekatika. Kutoka kitandani, mama mkwe alimjibu kwa upole kwamba kwa mujibu wa ofisi maji yapo, aendelee kuoga.

Alijisuuza kwa ndoo ileile, na karatasi iliyoifunika akaondoka nayo kwenda kazini ikiwa imelowa pembe. Siku hiyo alivifukua vipimo vya mwanzo, ambavyo havijapigwa pasi, akaliona shimo: kila alfajiri, jembamba, limezama hadi chini. Kwenye nyumba ya pampu, zamu ya usiku ilikuwa ikizima pampu yake kwanza, watu wasalimiane, waulizane habari za nyumbani, ndipo ya mchana iwashwe. Mjini hakuna aliyehisi kitu. Mlimani bomba lilikauka. Na wastani wake, kwa kulichanganya shimo na majirani zake walioshiba, ulikuwa umelijaza mpaka likaonekana kakunjo tu.

Kuhusu sabuni anacheka. Kuhusu yaliyofuata sijawahi kumsikia akifanya mzaha. Kule mlimani kuna zahanati ya kujifungulia, na mkunga wake alikuwa amelalamika mara nyingi, akijibiwa kila mara kwa kuonyeshwa mstari wa Bi Pasi. Alikuwa akipokea watoto kwa maji ya kopo. Bi Pasi alilia mbele ya wahandisi, akasema mstari wake umesema uongo. Walimtuliza kwamba ni kukatika kwa muda mfupi tu, asijikaange bure. Hakukubali. Alikwenda kumwomba radhi mkunga, akamwomba radhi mama mkwe, kisha akawa anakwenda kusimama mwenyewe kwenye nyumba ya pampu alfajiri, mpaka wakazoea kuwasha ya mchana kwanza ndipo wazime ya usiku.

Tangu hapo chumba namba nne hutoa mistari miwili. Ulio laini unapanda ghorofani kwa rangi ya buluu, na ulio mkorofi unaufuata kwa rangi nyekundu, ili anayetaka kuona kilichojazwa akione. Wengi wanatazama buluu tu, lakini nyekundu haijawahi kukosekana. Na tangu hapo, kila asubuhi kabla Bi Pasi hajavua koti, simu ya mezani huita. Ni mama mkwe. Hutoa taarifa ya neno moja, yametoka au yamekata, akakata simu. Hapo ndipo Bi Pasi huketi na kuanza kupiga pasi.

Sasa niseme kuhusu wasifu huu. Katika jengo letu, karatasi yoyote yenye maelezo, kabla haijaenda popote, hupitia chumba namba nne kwanza. Ni mazoea tu, hakuna aliyeagiza. Mhariri, bila kufikiri mara mbili, akaipeleka rasimu yangu hukohuko, kwa mstaafu mwenyewe. Ilirudi imenyooka. Sabuni haipo, ndoo haipo, mkunga hayupo. Mahali pao paliandikwa kwamba katika utumishi wake alikabiliana na changamoto za kawaida. Nilipigwa butwaa. Ni maisha yake, ana haki ya kuyanyoosha. Lakini hilo ndilo shimo pekee ambalo nina hakika lilikuwa la kweli, na likijazwa, wasifu unaobaki unaweza kuwa wa mtu yeyote anayestaafu popote. Nilizunguka na karatasi ile siku nzima, habari ya sabuni nikaifuta, nikairudisha, nikaifuta tena. Jioni nikapanda mlimani kwa mama mkwe. Alinisikiliza mpaka mwisho, akasema niandike, na sabuni nisiisahau. Kisha akataka kujua kama kuanzia Jumatatu nitakuwa napokea simu.

Nilimjibu kwa kubabaika, kama mtu aliyeulizwa deni. Nilikuwa naogopa, na sioni haya kusema hivyo. Ningepokea simu, sawa, lakini ningefanya nini nayo?

Jibu lilikuja Jumatano ya wiki hii. Nilikuwa nimekaa kwenye kiti chenyewe, Bi Pasi yuko pembeni kwenye stuli yangu, na mbele yangu mstari wa mlimani umeshuka alfajiri ukapanda tena. Nilitazama ukubwa. Nilitazama kama unajirudia, haukuwa unajirudia. Nikakumbuka kwamba fundi alisema wiki hii atasafisha geji za mlimani, nikajiambia huyo ni fundi, na moyo ukatulia. Kidole kilikuwa kimeshafika kwenye kitufe simu ilipoita. Siku hiyo simu ilikuwa imechelewa. Bi Pasi aliitazama, akanitazama, akachukua mkoba wake akatoka, eti anakwenda kutafuta miwani, na miwani ilikuwa puani. Ikaendelea kuita. Nikapokea. Mama mkwe aliuliza ni nani, nikajitaja. Akasema yamekata, na sabuni imemwingia machoni.

Niliipigia nyumba ya pampu. Zamu ya usiku ina mtu mgeni, ameanza juzi. Alizima kwanza, kama zamani, kwa sababu hakuna aliyemwambia asifanye hivyo. Sasa ameambiwa. Shimo nimeliacha kama lilivyo, kwenye buluu na kwenye nyekundu, na chini yake nimeandika sababu. Bi Pasi aliporudi alilitazama kwa muda, akainua kiganja kama anayetaka kulinyoosha, kisha akakirudisha mapajani. Mimi bado sijui kanuni ni ipi. Nimeanza kushuku kwamba hata yeye hana kanuni, ana watu tu anaowauliza kabla ya kuipasha pasi moto.

Kwa hiyo wasifu huu unatoka kama ulivyoandikwa mwanzo, bila kunyooshwa, na mstaafu ataniwia radhi. Mkurugenzi, wahandisi wa ghorofani, mhasibu, dereva na katibu muhtasi wote wanamshukuru, kila mmoja kwa maana yake mwenyewe ya ulainishaji wa awali. Yeye na mume wake wanahamia mlimani kuishi na mama mkwe, kwenye ile nyumba ya mwisho. Bi Pasi, ahsante kwa mistari yote miwili. Tunakuombea asubuhi ndefu zisizo na haraka, na maji yasiyokukatikia ukiwa na sabuni. Yakikatika, namba unaijua, nami nitapokea.