Zumari la Miraji Shambani Mloka

Jamaa na majirani, tunayemzika alasiri hii ni Miraji bin Sadala, aliyezaliwa Mtunda mwaka 1911. Alisoma chuo cha Kurani hapo hapo Mtunda hadi akahitimu, ingawa mwalimu alimnyang'anya filimbi za vikonyo vya majani ya mpapai mara nyingi kuliko alivyomsikia akisoma.

Ujanani alikata boriti za mikoko Nyamisati. Mwaka 1938 alimwoa Johari binti Mohamedi, wakahamia Mloka kulima mpunga. Huku tembo hawamwachii mtu kitu, kwa hiyo mwenye shamba hulinda akiwa juu ya dungu, kibanda cha miti mirefu. Wenzake walipiga madebe. Yeye alipuliza zumari. Watu walimcheka, lakini tembo waligeuka.

Bi Johari hakuwa na raha. Zumari likisikika, alijua mumewe yu hai. Likinyamaza, mwiko ulimponyoka. Jioni moja lilikatika ghafla. Alitoka mbio na mchi mkononi, akamkuta Miraji ametulia juu ya dungu, na tembo chini kwenye maboga.

"Mbona umenyamaza?"

"Namsikiliza anavyotafuna, mke wangu. Ana mahadhi yake."

"Nyamaza ukifika nyumbani, Miraji! Huku utaniua kwa hofu."

Mwaka jana kifua kilimbana, na mganga wa zahanati akamkataza kupuliza. Mpunga wa mwaka huu ulipokaribia kuiva, tembo wakarudi. Bi Johari akapanda dungu mwenyewe, akashika zumari, jambo ambalo mwanamke hapa kwetu hajapata kulifanya. Lilitoa sauti ya mbuzi aliyekabwa. Marehemu alicheka mpaka akakohoa, kisha zamu ya kuhangaika ikawa yake. Likikatika kidogo tu, alimwambia binti yao Zabibu, "Kamwangalie mamako. Mwambie asinyamaze."

Leo Jumatatu, 14 Mei 1956, asubuhi, alifariki nyumbani huku akilisikiliza zumari la mkewe. Bi Johari alimwona Zabibu akija analia, akaelewa. Husseini, mdogo wa marehemu, alimsihi ashuke.

"Tembo wako ukingoni, shemeji," alijibu, "naye kaniomba nisinyamaze."

Akapuliza, machozi yakimtoka, mpaka tembo wakaondoka. Ndipo aliposhuka.

Marehemu ameacha mjane, binti na ndugu huyo mmoja. Bi Johari sasa yumo edani, na jioni hii dungu litapandwa na Husseini, ambaye hajui zumari. Atapiga debe, na debe likinyamaza, ndani ya nyumba kuna mtu atakayeshtuka. Tumwombee mama huyu utulivu.

Miraji apumzike kwa amani. Amefika nyumbani, anyamaze.