Mama Ndoo na Mbawakawa wa Magnolia

Ndugu zetu, majirani, na ninyi wenzake wa bustanini mliokuja na viatu vyenu vya kazini kama alivyoagiza, familia imempa mdogo wa mwisho wa marehemu kazi ya kuwasomea maisha ya dada yetu, naye anaomba mapema awiwe radhi, kwa sababu karatasi hii marehemu aliisimamia mwenyewe akiwa kitandani, akafuta sifa zote alizoona zimetiwa chumvi, kisha akaongeza jambo moja ambalo sisi wenyewe tungelipita kimyakimya.

Marehemu alizaliwa tarehe 17 Juni 1951, katika chumba cha pili cha nyumba za wafanyakazi wa kiwanda cha sabuni, akiwa mtoto wa tatu kati ya sita wa baba fundi mitambo na mama mshonaji. Tangu utotoni hakupatana na mdudu wa aina yoyote, yeye na mende hawakupikika chungu kimoja, akimwona mmoja tu jikoni basi nyumba nzima tunatolewa nje, vyombo vinaoshwa upya, na sisi wadogo zake tunakaa kibarazani na njaa zetu tukingoja ruhusa ya kurudi ndani.

Alisoma shule ya msingi kuanzia mwaka 1959 hadi 1965, kisha sekondari kuanzia 1966 hadi 1969, ambako aling'ara katika hesabu na elimu ya mimea, lakini ushonaji ulimshinda kabisa, mpaka mama akawa anawaambia wateja wake kwamba huyu binti si wake, ameokotwa.

Tarehe 2 Machi 1973 aliajiriwa katika bustani ya mimea ya mji, akaanzia kwenye kitalu kwa kujaza udongo katika vikopo, na mwaka 1978 akakabidhiwa ile miti miwili ya magnolia iliyo karibu na lango, ambayo wengi wenu mnaijua kwa majani yake magumu yanayong'aa kama yamepakwa mafuta, na maua yake meupe yenye upana wa sahani. Alitakiwa kuitunza na kupata mbegu zake, kwa kuwa miti ilikuwa imezeeka na vipandikizi vyote vilikataa kuota. Dada akaipenda mno, na maua yalipofunguka aliwakuta ndani yake mbawakawa wadogo weusi, wanatambaa, wanatafuna, wanalala humo kama wamelipia chumba. Loo! Damu ikamchemka. Kila asubuhi ya msimu akawa anapanda na ndoo ya maji ya sabuni, anakung'uta ua moja baada ya jingine, anawazamisha wote, ndipo watu wakampa jina la Mama Ndoo, na uongozi ukampa cheti cha mfanyakazi bora mwaka 1980, ukarudia 1981, ukarudia tena 1984. Mbegu, hata ya dawa, haikupatikana.

Tarehe 12 Desemba 1981 alifunga ndoa na shemeji yetu, fundi bomba, aliyekuja bustanini kurekebisha pampu iliyoharibika, akairekebisha kwa siku moja na akaendelea kuja kuikagua kwa miezi mitano. Walijaliwa watoto wawili, binti aliyezaliwa tarehe 3 Novemba 1983, na mvulana aliyezaliwa tarehe 9 Mei 1986, na huyu wa pili, mjomba wake anamwomba asivimbe kichwa, ndiye aliyegeuza maisha ya mama yake, kwa sababu alizaliwa maua yakiwa ndiyo kwanza yanafunguka, na mama akalazimika kukaa likizo ya uzazi msimu mzima.

Ndoo aliiacha kwa msaidizi wake, ambaye sote tunamwita Ngazi, kwa kuwa ndiye aliyekuwa akibeba ngazi. Dada aliporudi kazini mwezi wa nane aliambiwa kwamba ndoo haikuguswa hata siku moja, na kwamba maua yote yalikuwa yametafunwa mpaka yakapukutika. Hakuuliza neno. Tarehe 11 Agosti aliandika barua ya kurasa mbili ya kumshtaki Ngazi kwa uvivu na dharau, na tarehe 15 Agosti barua hiyo ikasomwa kwa sauti chini ya ile miti, mbele ya wafanyakazi arobaini na watatu, maneno yote, pamoja na yale ambayo mtu mzima hapaswi kusomewa mbele ya wenzake. Ngazi aliinuka mara mbili kutaka kueleza alichokiona ndani ya maua, na mara zote mbili dada yetu alimwambia akae chini. Mwisho wa mwezi akafukuzwa kazi.

Tarehe 20 Oktoba 1986, dada alipita langoni akaona kitu chekundu juu, akasogea, akapigwa na butwaa, maana matunda yalikuwa yamepasuka kila tawi, na mbegu nyekundu zinaning'inia kwenye nyuzi nyembamba. Alipanda, akashuka, akakaa chini ya mti na kulia mpaka askari wa lango akadhani amefiwa. Siku hiyohiyo alikwenda kwa mwalimu wa chuo anayefundisha habari za wadudu, akaelezwa kwamba magnolia ni mti wa kale, ulikuwepo kabla nyuki hawajatokea duniani, na wanaouchavusha ni mbawakawa, kwamba ua likifunguka mara ya kwanza huwa jike tupu, mdudu huingia na unga aliotoka nao ua jingine, ua likajifunga naye ndani, na kesho yake hufunguka likiwa dume, likampaka unga mpya na kumwachia aende ua la pili. Kumbe kwa miaka minane alikuwa akiwazamisha washenga kila asubuhi, halafu anashangaa kwa nini hakuna harusi.

Hakujificha. Alikwenda kwa meneja na mbegu mkononi, akarudisha vyeti vyote vitatu, vikakataliwa, akaenda tena kila Jumatatu kudai Ngazi arudishwe, akawa kero mpaka meneja akikiona kivuli chake anatokea mlango wa nyuma, na miezi kumi na sita tangu afukuzwe, tarehe 4 Januari 1988, Ngazi akarudi kazini. Miezi hiyo yote alikuwa akisukuma mkokoteni, na mgongo wake haujapona mpaka leo. Kuanzia siku hiyo dada, aliyekuwa bosi wake, ndiye aliyemshikia ngazi, kwa miaka ishirini na mitatu, hadi walipostaafu pamoja tarehe 30 Juni 2011, na miche iliyotokana na miti ile miwili ikapandwa barabara nzima ya hospitali. Lakini neno la samahani halikumtoka. Mtu aliyekuwa hana haya ya kumgombeza mkurugenzi, kila alipomkabili Ngazi, ulimi ulikuwa mzito.

Tarehe 19 Agosti 2021 madaktari waligundua kwamba moyo wake umechoka. Ngazi alikuwa akija kila Alhamisi kumpa habari za maua, na kila Alhamisi dada alijikaza kisabuni, akianza tu kutaja ile siku, Ngazi anamuuliza kama amekunywa dawa, basi yanaishia hapo, akiondoka dada anageukia ukutani analia. Alifariki tarehe 6 Februari 2023, saa nne asubuhi, mikononi mwa binti yake, akiwa na umri wa miaka sabini na mmoja, na ameacha mume, watoto wawili na wajukuu watano.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi wa wodi ya moyo, hasa yule muuguzi aliyemvumilia alipokuwa akikagua vitanda kama vina wadudu, tunawashukuru majirani waliotupikia siku zote hizi, na wenzake wote wa bustanini. Dada yetu, tumekupenda na ukali wako wote, pumzika kwa amani.

Limebaki lile aliloliongeza mwenyewe. Alisema kwamba kosa lilisomwa mbele za watu, kwa hiyo na hili lisomwe mbele za watu, nasi tunalisoma neno kwa neno: Ngazi, wewe ulikuwa na macho na mimi nilikuwa na ndoo, nilikudhulumu kazi yako na heshima yako, na woga wangu ukanizuia kukuambia, nisamehe.

Aliagiza pia, Ngazi, usilazimishwe kujibu kwa sababu tu yeye amelala hapa. Siku ile ulikatizwa mara mbili. Leo hakuna atakayekuambia ukae, kaka yetu, ukitaka kunyamaza, nyamaza, na ukitaka kusema, sisi sote tumesimama tunakusikiliza.