Birika la Dorcas

Mheshimiwa Gavana, viongozi wa dini, madaktari na wauguzi wa kituo chetu hiki cha Gitega, na ninyi wagonjwa, ambao ndio wenye nyumba: nawasalimu.

Kosa la watu wengi ni kudhani kwamba mgonjwa wa akili akizungumza na asiyeonekana, dawa ni kumwambia, "Hakuna mtu." Nieleze kwa nini ni kosa. Ukisema hivyo, hujamwondoa yule asiyeonekana, umejiondoa wewe.

Muuguzi Dorcas, tunayemuaga leo, alilijua hili tangu vita vilipomleta Amisa kutoka Muyinga. Mume wa Amisa, Zuberi, alibaki njiani walipokimbia kutoka kwao Gasorwe. Kila adhuhuri Amisa aliugeukia mlango wa wodi, akasema, "Karibu, Zuberi," kisha akaisukuma sahani. Mgeni hajala, yeye angekulaje? Alikonda hadi pete ikawa inamdondoka kidoleni. Kila aliyepita alimwambia hakuna mtu.

Dorcas aliuliza tu, "Mbona haingii?"

"Mikono yake iko michafu, Mama. Anaona haya."

Dorcas akachukua birika na beseni, akaenda mlangoni, akainama na kumimina maji hewani polepole, kama anavyonawishwa mkwe.

Matata, mlinzi wetu, akaangua kicheko. "Mama Dorcas, na weye tukutafutie kitanda?"

"Cheka tu. Ukimaliza, lete sabuni."

Nyuma yao, Amisa akaivuta sahani, akala.

Nami nilikuwa nimesimama pale. Maji yalitoka birikani yakiwa meupe. Ndani ya beseni yalikuwa mekundu, rangi ya udongo wa vilima vya Gasorwe. Je, ilikuwa kutu? Nilichungulia ndani ya birika: safi. Matata alikwenda kuleta sabuni. Ndugu zangu, mnanijua, nimekuwa mwalimu na napenda kueleza. Hilo sijaweza kulieleza.

Tangu hapo Amisa anakula, maadamu mgeni amenawishwa. Kesho Dorcas anarudi kwao Uvira. Nani atashika birika?

Dorcas, wakati watu walipoogopa kufungua milango, wewe ulimkaribisha hata usiyemwona. Tunakushukuru. Nanyi nyote, ahsanteni kwa utulivu wenu.

Chakula kimeiva. Amisa ameketi kule nyuma, na ameshaugeukia mlango. Raissa, binti yangu, wewe ndiye unayeachiwa wodi: chukua birika, umnawishe mgeni kwanza.