Siku ya Kumi na Tano ya Bi Bado

Leo, Alhamisi tarehe 30 Oktoba, saa kumi na nusu jioni, mtumishi wa Dirisha la Tatu katika kituo chetu cha mitihani ya udereva atalifunga dirisha hilo kwa mara ya mwisho, baada ya kulitumikia miaka thelathini na mmoja, miezi miwili na siku tisa. Hizo siku tisa amezihesabu mwenyewe na hakuna aliyethubutu kuzihakiki. Wageni waalikwa mtamjua kwa jina lake la ofisini, Bi Bado. Jina la kwenye kitambulisho lipo, ila hata karani wa masjala hulitafuta kwanza.

Kwa wasioijua kazi ya dirisha lile: hapo ndipo mwanafunzi wa udereva anapopanga foleni kuuliza swali moja tu, kwamba ni lini ataruhusiwa kufanya mtihani wa nadharia. Masharti yenyewe ni mepesi. Awe ametimiza miaka kumi na saba. Awe na leseni ya mwanafunzi mkononi, si ya kuahidiwa. Na akifeli, asubiri siku kumi na nne ndipo arudie. Mtoto wa darasa la tano anaweza kuyakariri haya yote kabla chai haijapoa. Ila yanahitaji mtu wa kuyasimamia mbele ya watu wazima wanaolia, wanaotaja majina ya wakubwa na wanaoapa kwamba wako safarini tangu alfajiri. Mtu huyo tulikuwa naye.

Vifaa vyake vilikuwa vitatu: kalenda ya ukutani, rula ya mbao na muhuri. Mtu akifika na karatasi zake, Bi Bado aliilaza rula juu ya kalenda, akatembeza kidole siku baada ya siku, kisha akatamka neno lake moja bila kupandisha sauti: bado. Tarehe ikiwa imefika hakusema kitu, aligonga muhuri tu. Ndiyo maana mji mzima haumkumbuki kwa neno jingine.

Mimi wa Dirisha la Pili nilikuwa mteja wake kabla sijawa mwenzake. Nilifeli mara ya kwanza, na siku ya kurudia nilikuja nimepiga pasi mpaka soksi, nyumbani nimeshawatangazia kwamba jioni nitarudi nimefaulu. Rula ikalazwa, kidole kikatembea, nikaambiwa bado siku moja. Njia nzima nilimsema moyoni kwa maneno ambayo jarida hili la watumishi haliwezi kuyachapisha. Miaka mitatu baadaye nikaajiriwa hapa, nikapewa kiti ubavuni pake, na siku ya kwanza tu akaniuliza kama zile soksi bado ninazo.

Wapo wanaowakumbuka wale pacha. Mmoja alizaliwa dakika kumi kabla ya saa sita ya usiku, mwenzake robo saa baadaye, na vyeti vya kuzaliwa vikaandika hivyo hivyo. Walikuja siku ya kutimiza miaka kumi na saba, wamevaa sare. Bi Bado alimruhusu wa kwanza, wa pili akamwambia aje kesho. Mama yao akasema mimba ilikuwa moja na uchungu ulikuwa mmoja. Bi Bado akamjibu kwamba leseni ni mbili. Basi yule mkubwa akafeli siku hiyo, mdogo akaja kesho yake akafaulu, na nasikia katika nyumba ile mpaka leo haijulikani nani mkubwa.

Mkuu wetu wa kituo naye hakupona. Mwaka wake wa kwanza hapa alimleta mpwa wake, ambaye leseni yake ya mwanafunzi, kwa maneno ya mkuu, ilikuwa njiani. Bi Bado alimtazama mpwa, akamtazama mjomba, akasema basi na mtihani nao uko njiani, vitakutana huko huko. Mkuu alinuna wiki mbili. Kisha akaanza kumsifia mikutanoni, kwa sababu tangu siku hiyo hakuna ndugu yake mwingine aliyemsumbua.

Msije mkadhani alikuwa jiwe. Kulikuwa na fundi cherehani mmoja aliyefeli mara nane. Kila alipofeli, Bi Bado alimwandikia tarehe ya kurudi kwenye kijikaratasi, na fundi akakibandika ukutani juu ya cherehani yake. Mara ya tisa alipofaulu, Bi Bado alitoka nyuma ya kioo, jambo ambalo hatukuwa tumewahi kuliona, akampa mkono. Wiki iliyofuata fundi akamletea mto wa kukalia, mnene, wenye mistari ya buluu. Mto huo ameukalia miaka kumi na miwili, kwa kuwa Bi Bado ni mfupi na bila mto wateja walikuwa wakizungumza na paji la uso wake.

Sasa nafika mahali ambapo waandishi wenye adabu huruka. Tangazo la ukutani lilisema aliyefeli arudie baada ya siku kumi na nne. Bi Bado alishikilia kwamba siku haijatimia mpaka jua lizame, kwa hiyo siku ya kumi na nne nayo lazima iishe, na mtu aje ya kumi na tano. Wateja walilalamika. Sisi wenzake tulinyamaza, maana kubishana naye juu ya kalenda, tuseme ukweli, kulikuwa kumpigia mbuzi gitaa. Ndivyo kituo kizima kilivyohesabu kwa miaka thelathini na mmoja.

La pili ni kwamba huyu aliyewaelekeza maelfu ya madereva hajui kuendesha gari. Hakuwahi kuhitaji. Mumewe, ambaye sisi tunamwita Shemeji, alikuwa dereva wa lori, na baada ya kuacha lori kazi yake kubwa ikawa kumleta mkewe asubuhi na kumfuata jioni kwa gari lao jeupe, akiliegesha pale penye ukuta na kusikiliza redio. Mwezi wa Juni daktari wa macho alimwambia Shemeji aache kuendesha. Gari likafunikwa turubai.

Nyumba yao iko juu ya kilima, nyuma ya machimbo ya kokoto. Shemeji aliijenga mwenyewe kati ya safari na safari, chumba kwa chumba. Basi linaishia njia panda, na kila Jumanne wakitoka kliniki ya macho hupanda kile kilima kwa miguu, yeye ameshika bega la mkewe. Wamepata mnunuzi wa nyumba. Ameshaipima mara mbili kwa hatua zake na anataka jibu kesho Ijumaa jioni, tarehe 31. Wakiuza, watahamia vyumba viwili vya kupanga karibu na hospitali. Shemeji hataki kuhama, ila hataki pia mkewe amkokote kilimani mpaka azeeke. Wakakubaliana hivi: Bi Bado akifaulu nadharia kabla ya jioni hiyo, wanabaki na anaanza kujifunza. Asipofaulu, wanauza. Kanuni mnaijua, bila nadharia hakuna kugusa usukani barabarani.

Basi Bi Bado akachukua leseni ya mwanafunzi akiwa na miaka sitini, akaupima umri wake kwa rula yake mwenyewe, akaridhika kwamba kumi na saba imetimia. Alhamisi tarehe 16 mwezi huu akaomba ruhusa ya nusu siku, akaingia chumba cha mtihani, akaketi kwenye kompyuta ya nne. Sisi tulijifanya tuna kazi. Mkuu alipita mlangoni mara sita akiwa na faili lile lile.

Maswali ni thelathini na tano na kufaulu ni kupata thelathini. Bi Bado alipata ishirini na tisa.

Makosa matano yalikuwa ya mzunguko, yaani nani ampishe nani pale barabara nne zinapokutana, na hayo hayakumuumiza kichwa. Katika kitabu cha sheria alijivunia ukurasa wa kwanza tu, ule wa masharti ya kufanya mtihani, na huo alikuwa anaujua kama jina la mama yake. Kosa la sita lilitoka ukurasa huo huo. Swali liliuliza aliyefeli anaruhusiwa kurudia kuanzia siku ya ngapi: ya saba, ya kumi na nne, ya kumi na tano au ya thelathini. Akabonyeza ya kumi na tano bila kusita. Kompyuta ikamwambia si kweli.

Nakiri kwamba tulicheka. Tulicheka mpaka dada wa usafi akaja kuuliza kama kuna mtu amepandishwa cheo. Bi Bado hakucheka. Alisema kompyuta imekosea, akaandika barua makao makuu, na kwa mara ya kwanza katika historia ya makao makuu jibu likaja ndani ya siku nne. Lilikuwa na mistari miwili: ni siku ya kumi na nne, na imekuwa hivyo tangu mwanzo.

Aliisoma amesimama. Akaikunja mara mbili, akaenda kununua chai, akarudi nayo na hakuinywa. Mimi nilikuwa nimeandaa mzaha wangu tangu asubuhi, na nilipomwona uso nikaumeza. Aliniuliza kwa sauti ndogo, "Hivi wewe nilikurudisha, sivyo? Kwa siku moja?" Nikamwambia ni zamani, nimeshasahau. Akasema, "Hujasahau. Ulivaa soksi za pasi."

Halafu akafanya kazi. Waliofeli pamoja naye siku ile walikuwa wanne, na wote alikuwa amewaandikia waje Ijumaa tarehe 31. Akawapigia simu mmoja mmoja, akawaambia amekosea hesabu, waje Alhamisi. Mmoja alidhani ni utani akakata simu, ikabidi apigiwe mara tatu. Kisha akapanda juu ya kiti, akang'oa tangazo la ukutani na kubandika jipya aliloliandika kwa mkono wake: ATAKAYEFELI ATARUDIA SIKU YA KUMI NA NNE. Akashuka, akaketi, akaita mteja aliyefuata.

Mkuu alifurahi kupita kiasi, maana kwa hesabu mpya Alhamisi ni leo. Alipanga Bi Bado afanye mtihani asubuhi, kisha akabidhiwe cheti hapa mbele yenu na mbele ya Shemeji, na akaagiza keki yenye umbo la usukani. Mkiiangalia ratiba mliyogawiwa mlangoni pamoja na jarida hili mtaona kipengele cha nne, "Kukabidhi Cheti cha Nadharia", kimepigwa mstari. Msimlaumu mchapaji. Mstari umenyooka hivyo kwa sababu umepigwa kwa rula ya mbao.

Mkuu alimsihi sana. Alimkumbusha kuhusu mnunuzi. Alimuuliza je, umeme ukikatika kesho? Je, mtandao ukigoma, kama unavyogoma kila mwisho wa mwezi? Sheria inamruhusu leo, makao makuu wameandika, sasa anamkomoa nani? Bi Bado alimsikiliza mpaka mwisho, akailaza rula juu ya kalenda, akatembeza kidole kutoka tarehe 16. Kilipofika hapa penye leo kikasimama. "Bado," akasema. Kisha akaongeza maneno ambayo ni mengi kwake: "Nimewarudisha watu nyumbani kwa siku moja miaka yote hii, mkuu. Sijui hata mmoja wao alikuwa anawahi nini. Wale wanne nimewapa siku yao. Mimi acha niisubiri hii, nijue ilikuwaje."

Tulidhani Shemeji atakasirika, maana nyumba ni yake na miguu inayopanda kilima ni yake. Tulipompigia simu kumwomba amshawishi, alicheka, akasema amelala na kalenda hiyo miaka thelathini na mitano na hajawahi kuigeuza ukurasa. Akatuomba kitu kimoja, tumfundishe mkewe mzunguko.

Kwa hiyo wiki hii yote, saa ya chakula cha mchana, kituo hiki kimepanga viti vinne katikati ya ukumbi na kusukumana kuvizunguka, mkuu akiwa lori na dada wa usafi akiwa gari la wagonjwa. Jumatatu Bi Bado aligonga kila mtu. Jana alitupisha sote ipasavyo, akamkemea mkuu kwa kuingia bila kuonyesha ishara. Siwezi kuwaahidi kwamba atafaulu. Naogopa, nalisema wazi, na keki tumeamua kuiacha kwenye jokofu mpaka kesho.

Tunakushukuru, Bi Bado, kwa ukali wako ambao haukuwa na upendeleo, kwa chai ulizotununulia ukisema ni mabaki, na kwa kutuonyesha wiki hii jinsi mtu mzima anavyokosea. Uchukue mto wa fundi, utauhitaji kwenye kiti cha gari jeupe. Rula tuachie. Tunakuombea uzee wenye afya wewe na Shemeji, kilimani kwenu, mkiteremka na kupanda kwa magurudumu manne.

Kesho kwenye Dirisha la Tatu nitakuwa nimekaa mimi. Njoo na leseni yako ya mwanafunzi mkononi, si ya kuahidiwa. Utakuwa mtu wa mwisho katika kituo hiki kufanya mtihani siku ya kumi na tano, na muhuri wako nimeshauwekea wino. Tunafungua saa mbili kamili. Ukitokea saa mbili kasoro dakika moja, dada, unajua tutakachokuambia.