Pigo Alilolingoja Alfani bin Waziri

Assalaam aleikum, wazee wetu, jamaa na majirani, nyinyi mlioketi hapa barazani na kina mama mlioko ndani pamoja na mjane wetu. Leo ni Alhamisi, tarehe 16 Oktoba 1958, siku ya tatu ya matanga ya mzee wetu Alfani bin Waziri, fundi cherehani wa hapa Msambweni, nasi watu wa nyumba yake tumeona tusianue matanga kabla ya kuyasoma maisha yake yote, matamu na machungu, kwa sababu waliomuosha waliona alama ya fimbo kwenye bega lake la kulia, na tangu Jumanne minong'ono imekuwa mingi kuliko dua, wengine wakisema alipigwa kitandani hospitalini, wengine wakimtaja aliyempiga kwa jina. Ni kweli alipigwa, na aliyempiga yuko hapa, ameketi karibu na mlango, naye alikuwa miongoni mwa walioshuka kaburini kumpokea. Sikilizeni kwanza, kisha ndipo mseme.

Marehemu alizaliwa hapa Msambweni siku ya Ijumaa, tarehe 12 Juni 1908, mtoto wa pili na wa mwisho wa mzee Waziri na Bi Dama, na mama yake alikuwa akisimulia kwamba mtoto huyu hakukubali kumwona akimpakata mtoto wa jirani, alilia mpaka yule mwingine ashushwe chini, kwa hivyo wasiomjua wasidhani wivu aliuokota ukubwani, alizaliwa nao, akakua nao, na kama wivu ungekuwa shamba basi marehemu angekuwa tajiri wa Kwale nzima.

Alitiwa chuoni mwaka 1915, akahitimu Kurani mwezi wa Machi 1921, na mwaka 1924 baba yake akampeleka Mombasa kwa fundi mmoja wa Kihindi, akajifunza kukata na kushona, akarudi Januari 1931 na cherehani yake mwenyewe, akaanza kazi hapa hapa barazani. Kanzu yake ilijulikana kwa pindo jembamba lisiloonekana, watu walikuja kutoka Kikoneni na Galu kushonewa za Idi, na kwa miaka ishirini na saba hakuwahi kuchelewesha nguo ya bwana arusi hata moja.

Lakini kilichompa jina si cherehani, ni kirumbizi. Wazee wa mtaa wetu walikuwa wakisema kwamba hapo kale mtu akivunjiwa heshima alichomoa jambia, mmoja akazikwa na mwenziwe akakimbia mji, hata wakubwa wakaona vijana watakwisha, wakasema wenye hasira wakutane uwanjani kwa bakora, mbele ya ngoma na zumari na macho ya watu, washambuliane na kukingana kwa ustadi, na pigo likomee kwenye nguo tu, aliyeguswa akubali kwamba ameguswa, na heshima ya kila mmoja irudi nyumbani nzima. Kumpiga mwenzio kwelikweli ni fedheha kuliko kushindwa. Na anayevunja mwiko huo hukumu yake haitolewi bomani kwa Bwana DC, inatolewa pale pale, aliyeumizwa anapewa haki ya pigo moja, atalitoa siku aipendayo, na mpaka alitoe, mwenye makosa hashiki fimbo katika uwanja wowote. Marehemu alikuwa bingwa wa mchezo huu kuanzia Diani hadi Vanga, na mtu wa pekee aliyekaribiana naye alikuwa Suleiman, mwashi wa Galu, bwana mpole, mrefu, wa maneno machache, ndiye huyo aliyeketi mlangoni.

Jumamosi ya tarehe 8 Agosti 1936 marehemu alimuoa Bi Mwanapili wa Diani, na hapa tuseme wazi, kabla ya posa yake palikuwa na posa ya Suleiman, nayo ilirudishwa kwa heshima kwa sababu bibi arusi mwenyewe alisema anamtaka fundi. Mtu mwingine angeridhika, kwani ameshinda, lakini marehemu hakusahau kwamba kuna mwanamume mmoja duniani aliyewahi kumtamani mkewe, na cherehani iliyokuwa ikielekea njiani kwa ajili ya wateja akaigeuza ikaelekea mlango wake mwenyewe. Bi Mwanapili akienda kisimani aliulizwa amekutana na nani, akirudi akicheka aliulizwa kicheko kimetoka wapi, akinyamaza aliulizwa anamfikiria nani, naye alijibu yote kwa subira, mwaka baada ya mwaka, kwa kuwa alimpenda, na sisi tuliokuwa tukisikia ndani ya nyumba hii tulimwonea huruma na wakati mwingine tulikwenda kucheka uani. Mwenyezi Mungu aliwajaalia watoto wawili, Waziri aliyezaliwa tarehe 3 Mei 1938, ambaye sasa anafanya kazi Ramisi, na Dama aliyezaliwa tarehe 19 Novemba 1941, aliyeolewa Kikoneni.

Sasa tufike Jumamosi ya tarehe 20 Septemba 1952, arusini Diani, siku ambayo wengi wenu mlikuwapo. Suleiman alimnyoshea marehemu bakora, marehemu akaingia uwanjani, wakacheza mchezo ambao wazee walisema hawajauona mfano wake, na kwa kuwa desturi yetu ni kumtuza mchezaji aliyefurahisha watu, mkono mmoja ukatoka katika kundi la wanawake ukamtupia Suleiman leso begani. Marehemu aliitazama ile leso akaijua. Ilikuwa kipande cha doti aliyomnunulia mkewe Idi iliyopita, aliikata mwenyewe, akavipinda vipande vyote viwili kwa mkono wake, na kipande cha pili Bi Mwanapili alikuwa amejitanda pale pale mbele yake. Fundi hapotewi na pindo lake. Akainua bakora, akampiga Suleiman sikioni kwa nguvu zake zote, zumari ikakatika, Suleiman akaanguka, na tangu siku hiyo hasikii kwa sikio la kushoto.

Laiti angeuliza. Kila mtu hapa anajua kwamba ndugu wa kike hugawana doti, huyu kipande kimoja na huyu kingine, wakajitanda sare wapendeze, na Bi Mwanapili alikuwa amemgawia mdogo wake Mbeyu, aliyekuwa ameachika mwaka ule na ambaye Suleiman alikuwa akijiandaa kumposa. Mbeyu alijitokeza mbele ya watu analia, akasema, "Leso ni yangu, shemeji, dada amenipa mimi," na marehemu akabaki amesimama na bakora mkononi, mtu mzima wa miaka arobaini na minne, mbele ya mkewe, mbele ya wanawe, mbele ya uwanja mzima, hana pa kuuficha uso wake. Wazee walikaa pale pale, wakatoa hukumu mnayoijua, pigo moja ni haki ya Suleiman.

Suleiman hakulitoa. Tarehe 14 Februari 1953 alimuoa Mbeyu, wakawa wanyumba yeye na marehemu, waume wa ndugu wawili, wanakula sinia moja sikukuu kwa sikukuu, na kanzu ya arusi akamletea nani amshonee kama si marehemu. Alimpima mabega kimya kimya, akaikata, akaishona, na wivu ukamshika mkono akaibana kwapani, bwana arusi asiweze kujinyosha, kisha akakaa akafikiri kwamba mtu aliyebanwa kwapani hawezi kuinua fimbo, na yeye alikuwa akilitaka lile pigo kuliko mtu yeyote, akaifumua yote akaishona upya, ikawa kanzu nzuri kuliko zote alizopata kushona.

Ikaanza miaka ya kungoja. Hakuna arusi aliyoikosa, alikwenda Ukunda, Gazi, Kikoneni, akasimama ukingoni mwa uwanja mikono mitupu, kofia kaishika, bega kalitoa, na Suleiman akipita humwamkia, "Masalkheri, mwanyumba, hamjambo nyumbani?" kisha akaenda zake. Watu wakawa wanamsifu, wakasema yule ndiye mwanamume, ana haki mkononi na haitumii, na sifa hizo zilimuuma marehemu vibaya, kwa sababu mwanzoni alimwonea Suleiman wivu kwa ajili ya mke, na sasa akamwonea wivu kwa ajili ya subira, jambo ambalo hakuwa nalo wala hakuweza kulipata. Alikuwa akisema hapa barazani, "Amenisamehe nani? Mimi sikuomba msamaha, mimi nataka pigo langu." Na akisikia zumari kwa mbali alisimamisha cherehani, akawa anaitazama mikono yake tu.

Maradhi yalimwanza mwezi wa Juni 1957, miguu ikavimba, pumzi ikawa fupi, akatibiwa nyumbani kwa dawa zetu, kisha tarehe 22 Septemba mwaka huu akalazwa katika hospitali ya hapa Msambweni, na madaktari wakasema moyo umechoka. Bi Mwanapili alikuwa naye mchana kutwa, na hata kitandani marehemu alimuuliza mbona anazungumza kwa urefu vile na kaka wa mgonjwa wa kitanda cha pili.

Jumapili ya tarehe 12 Oktoba alimtuma mwanawe Waziri amwite Suleiman. Alipofika, marehemu hakumpa hata nafasi ya kuketi, alimwambia, "Mwanyumba, nakufa, toa haki yako." Suleiman akasema, "Nimekwisha kusamehe, Alfani, wallahi, niliona haya kumpiga baba wa watoto mbele za watu." Marehemu akamjibu, "Na kuniacha miaka sita bila fimbo mkononi, hilo hukulionea haya? Umejivika heshima yako na yangu pia, moja juu ya nyingine, mimi umeniacha uchi." Suleiman akamgeuzia lile sikio lake zima, kisha akasema amekubali, ila mtu aliyelala hapigwi, hiyo nayo ni desturi.

Basi marehemu alisimama. Miguu ambayo haikuwa imekanyaga chini kwa siku kumi aliiteremsha mmoja mmoja, Bi Mwanapili akamshika kwa nyuma, kiunoni, akamwegemeza kifuani mwake, Suleiman akaomba bakora ya mzee mmoja wa kitanda cha dirishani, akarudi nyuma hatua, akaiinua, akampiga begani pigo la haki, si la kumbembeleza mgonjwa, pigo lililosikika varandani. Marehemu hakuyumba. Na Bi Mwanapili, ambaye tangu siku ya Diani alikuwa amekatazwa kwenda ngomani, alipiga kigelegele kirefu mle wodini, wagonjwa wakaamka, muuguzi akaja mbio akawafukuza wageni wote wanaume kwa maneno makali, na alikuwa na haki yake, yeye hakujua kirumbizi.

Ndiyo alama mliyoiona begani. Hakupigwa kwa uovu, mwili wake ulilipata pigo ulilolisubiri, na aliyempiga alifanya hivyo akilia. Asitokee mtu wa kulichafua jina la Suleiman baada ya leo.

Walipobaki wawili, marehemu alirudishwa kitandani, akapumua, akatabasamu, tukadhani kwa maelezo ya mjane kwamba sasa amepona ule ugonjwa wake mwingine. Hakupona. Alimwangalia mkewe akamuuliza, "Kigelegele kile umempigia nani, aliyepiga au aliyepigwa?" Bi Mwanapili alikuwa amejibu maswali ya namna ile kwa miaka ishirini na miwili, na siku ile ya furaha swali hilo likamchoma, akanyanyuka, akamwambia, "Hilo utalijibu mwenyewe, Alfani, mimi nakwenda kukupikia uji." Aliporudi alimkuta usingizini, na tangu hapo hakupata kusema tena, mpaka asubuhi ya Jumanne, tarehe 14 Oktoba 1958, saa moja, alipofariki akiwa na umri wa miaka hamsini. Innaa lillaahi wa innaa ilayhi raajiuun. Tulimzika siku hiyo hiyo baada ya sala ya alasiri, makaburi ya hapa Msambweni.

Ameacha mjane, watoto wawili, wajukuu wawili na cherehani moja. Familia inawashukuru madaktari na wauguzi wa Msambweni, na yule muuguzi tunamwomba radhi, tunamshukuru mzee wa kitanda cha dirishani kwa bakora yake, Mola amponye, tunawashukuru majirani waliopika na kuteka maji bila kuombwa, mafundi wenzake walioshona sanda, na wapiga zumari wa Diani waliofika juzi wakaketi nasi bila kupiga, kwa heshima ya aliyekwenda.

Limebaki jambo moja. Bi Mwanapili yuko ndani, ameanza eda, hawezi kutoka mbele ya wanaume, lakini tangu Jumanne hajala chakula kikamshuka, na jana alituita akatuambia kwamba dua zote zimesomwa lakini yule mtu amezikwa na swali mdomoni, akatuomba tulijibu hapa, mbele ya Suleiman, mbele ya watu wote, kwa sauti, maana alimjua mumewe, jibu la pembeni asingeliamini.

Alfani bin Waziri, mkeo anasema kigelegele kilikuwa chako. Pumzika sasa.